Msomaji wangu anasema amempata mwanaume kama wa kwenye simulizi yangu

Shikamoo Shangazi,

Mimi ni mwanamke wa miaka 29, naishi Morogoro. Kazi yangu ni kutunga simulizi za mapenzi na kuziuza WhatsApp. Nina kundi la bure ambako natuma sehemu za mwanzo, na kundi la kulipia ambako msomaji akinitumia shilingi 2,000 kwa simu namuingiza, anasoma hadi mwisho. Kwa kazi hii nalipa kodi ya chumba na ada ya mdogo wangu, kwa hiyo naomba usinijibu kama mtu anayepoteza muda na simu.

Simulizi inayouza kuliko zote nilizowahi kutunga ni ya Ramsey. Ramsey ni tajiri wa Masaki. Hacheki, halii, haombi msamaha, na akiingia chumbani watu wananyamaza. Alimwona Nuru mara moja tu kwenye harusi, na tangu hapo hakumwacha. Anajua Nuru anaamka saa ngapi. Amenunua nyumba aliyopanga bila yeye kujua. Bosi aliyemfokea Nuru mbele ya wateja, kesho yake hana kazi. Baadaye Ramsey anamchukua kwa nguvu na kumfungia kwenye nyumba yake Kigamboni, na humohumo taratibu Nuru anaanza kumpenda.

Wasomaji wanamlilia. Kuna sehemu moja niliandika Ramsey analia kwenye kaburi la mama yake, siku hiyohiyo watu wakaanza kujitoa kwenye kundi. Wengine wakanifuata inbox: "Dada, usimlainishe Ramsey wetu." Nikamrudisha alivyokuwa, na malipo yakarudi.

Sasa Shangazi, kuna binti mmoja kwenye kundi la kulipia. Ana miaka 20, anasuka saluni, mji wake sitautaja. Amenitumia voisi ndefu, anaongea huku anacheka kwa furaha. Anasema: "Dada, na mimi nimempata Ramsey wangu." Eti huyo kaka haongei sana, na hajawahi kumwambia kwamba anampenda. Lakini kila jioni anamkuta amekaa ndani ya bajaji nje ya saluni, hata siku ambayo hakumwambia anatoka saa ngapi. Usiku simu yake inalala kwa huyo kaka. Amemkataza kwenda kwa dada yake, anasema shemeji anamwangalia vibaya. Juzi alimkunja shati mwanaume aliyekuja pale saluni kumsubiri mke wake. Na sasa anamtaka aache kazi. Halafu binti akamalizia hivi: "Mwanzoni nilikuwa naogopa, ila nikakumbuka hata Nuru mwanzoni aliogopa."

Hayo maneno ya mwisho yananinyima usingizi. Dada yangu mkubwa, ambaye ameokoka, anasema hizi simulizi ni sumu, nizifute zote. Watunzi wenzangu wanasema hadithi ni hadithi, mtu mzima anajua tofauti. Mimi sijui nishike lipi. Huyu binti nimwambie nini? Na Ramsey nimfanyeje, maana bado hajaisha na watu wameshalipia?

Mtunzi, Morogoro

*

Marahaba mwanangu.

Tuanze na huyo binti. Ramsey atasubiri.

La kwanza kabisa, usimwandikie chochote. Umesema mwenyewe kwamba simu yake inalala kwa huyo mwanaume. Ushauri wowote utakaoutuma, uwe wa maandishi au wa sauti, ataufikia yeye kabla ya binti, na atakayelipa ni binti. Mpigie mchana akiwa kazini. Kabla ya lolote muulize yuko na nani. Ikiwezekana akupigie yeye kwa simu ya mwenye saluni au ya msusi mwenzake. Huyo mwanaume akikuta namba yako na kuuliza, wewe ni mtunzi na binti ni mteja wako, na hilo ni kweli tupu.

Ukimpata, usianze na neno "muache". Atamtetea, na ushahidi wa kumtetea umempa wewe: sehemu nzima nzima za Nuru akivumilia mpaka anapendwa. Muulize mambo yanayoshikika. Hela anayopata saluni inakaa kwa nani? Dada yake amemwona lini mara ya mwisho? Amewahi kumkatalia huyo kaka jambo lolote, hata dogo, na baada ya kukataa ikawaje? Hilo la tatu lisikilize kwa makini kuliko yote. Mwanaume mkimya ukimkatalia atanuna, au ataondoka, au atakubali. Mwanaume wa kuogopwa atahakikisha hukatai tena.

Akikwambia ameshawahi kukabwa shingo, au kutishiwa kuuawa, au kuambiwa "ukiniacha najiua na wewe tunakwenda wote", hapo yametoka mikononi mwangu na mwako. Vituo vya polisi vina Dawati la Jinsia na Watoto, na huko ndiko pa kwenda, akiwa amefuatana na dada yake au mtu mzima anayemwamini. Kama vitisho vipo kwenye ujumbe, ujumbe huo umfikie dada yake kabla haujafutwa, kwa sababu Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inamgusa mtu anayetumia simu kumtisha au kumsumbua mwenzake. Na kama ataamua kuondoka, asimtangazie. Wanaume wa aina hii huwa wabaya zaidi pale wanapohisi mwanamke anatoka mikononi mwao. Awe na pa kulala kwanza, na dada awe anajua siku na saa.

Haya yote hata mimi naweza kumwambia. Liko moja ambalo litakuwa na uzito likitoka kwako tu, kwa sababu wewe ndiye uliyemuumba Nuru. Mwambie hivi: "Nuru hakuwahi kuwa hatarini hata siku moja, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa naandika. Nilijua tangu mwanzo Ramsey hatamuumiza. Wewe huna mtu anayekuandikia." Mwambie kwa upole, halafu unyamaze umpe nafasi aseme.

Sasa swali linalokunyima usingizi, kama ni wewe uliyemponza. Huyo mwanaume angekaa kwenye bajaji nje ya saluni hata kama binti hajui kusoma. Tabia yake hakuitoa kwako. Lakini simulizi yako imefanya jambo moja ambalo siwezi kulificha: imempa binti maelezo ya woga wake. Mwili ulimwambia kuna hatari, yeye akautafsiria kwamba mapenzi yanaanza. Dada yako akisema sumu, anachokiona ni hicho. Wenzako wakisema mtu mzima anajua tofauti, wanasahau kwamba hata msomaji mwenye akili timamu anaweza kujua tofauti mchana na kuisahau usiku anapotaka sana kupendwa.

Wala jambo hili halikuanza na WhatsApp. Mwaka 1847 huko Uingereza alitoa riwaya mwanamke mmoja, Emily Brontë, inayoitwa Wuthering Heights. Ndani yake yumo Heathcliff, ambaye mpaka leo wasomaji humtaja kama babu wa wanaume wote wa aina ya Ramsey: mkali, mwenye kisasi, aliyeganda kwa mwanamke mmoja kiasi kwamba alipokufa alimfukua ili amwone. Watu wanamkumbuka yeye na Catherine wake. Mimi ninayetaka umfahamu ni msichana wa pembeni, Isabella, kwa sababu yeye ndiye binti wako wa saluni.

Isabella anamtazama Heathcliff na kuona shujaa aliyejeruhiwa. Catherine, ambaye mwenyewe anampenda Heathcliff kupita kiasi, anamwonya waziwazi: usidhani chini ya ule ukali kuna wema umejificha, hakuna. Isabella anaona ni wivu tu. Usiku wa kutoroka naye, Heathcliff anamtundika mbwa mdogo wa Isabella kwa kitambaa, na Isabella bado anakwenda. Muda si mrefu anaandika barua kwao akiuliza kama mume aliyempata ni binadamu, na kama ni binadamu, ana wazimu? Mwishowe anakimbia peke yake katika theluji, mjamzito, na harudi tena. Na Heathcliff mwenyewe anasema kwa dharau kwamba yule msichana alijichorea mwanaume wa hadithini akamvika yeye.

Angalia alichofanya mtunzi. Heathcliff hakupunguzwa hata kidogo, ni wa kutisha na wa kuvutia mwanzo hadi mwisho. Lakini ndani ya kitabu hichohicho akaweka mtu aliyemwamini vibaya, akatuonyesha malipo yake. Kitabu hicho kimeishi zaidi ya miaka 170 na hakuna aliyejitoa kwenye kundi.

Mimi nazisoma hizi simulizi mwanangu, na sioni aibu kusema kwa nini zinashika. Mwanamke ameamka saa kumi na moja, amepika, ameenda kazini, amerudi, na siku nzima hakuna aliyemuuliza amekula nini. Usiku anafungua simu na kukuta mwanaume anayejua hata saa anayoamka Nuru. Mtu asiyejali dunia nzima, anamjali mmoja. Hiyo ni njaa ya kuonekana, na ni njaa ya haki. Tena kuna utamu wa kuogopa ukiwa salama, umejifunika shuka, na ukizidiwa unaizima simu. Wako na wanawake walioumizwa kweli ambao huzisoma kwa sababu humo hofu ina mwisho unaojulikana, jambo ambalo maishani hawakulipata. Kwa hiyo dada yako naye asiwaone wasomaji wako wote kama watu waliopotea.

Lakini wewe kama fundi, jiulize Ramsey anapendwaje wakati haongei. Nina hakika una zile sehemu zilizoandikwa "upande wa Ramsey", ambako tunaingia kichwani mwake. Tunaambiwa kwamba alipomwona Nuru kifua kilimbana. Tunajua yule bosi alifukuzwa kwa sababu Ramsey hakuvumilia kuona chozi la Nuru. Tunajua alikesha nje ya mlango Nuru alipokuwa na homa. Uso wake ni wa baridi, lakini moyo wake tumeusoma kwa shilingi 2,000. Ondoa sehemu hizo zote, bakisha tu anachokiona Nuru, kisha usome upya. Utakuta mwanaume asiyesema kitu, anayefuatilia mtu, aliyefunga mlango.

Huyo ndiye aliye kwenye bajaji. Hana sehemu ya upande wake. Binti anamtungia kichwani, kila siku kipande, kutokana na ulizoandika wewe.

Na huyo anayeitwa hana hisia, mbona wivu anao? Mbona hasira anazo, kiasi cha kumkunja shati mume wa watu? Wanaume wa hizi simulizi wana hisia tele. Zinazokosekana ni zile zinazomgharimu mwenye nazo: huruma, majuto, aibu, kuomba radhi. Nalisema hili pia kwa ajili ya wanaume wakimya walio wengi, waliolelewa wakiambiwa mwanaume halii, au walioumbwa tu na maneno machache. Kuna mume asiyejua kusema nakupenda miaka ishirini, lakini mke wake anaenda kwa mama yake anapotaka, simu yake ni yake, na mshahara wake anaujua mwenyewe. Ubaridi peke yake haujawahi kumuua mtu. Tazama mlango: unaweza kutoka, au huwezi?

Basi twende kwa Ramsey.

Usimfute. Wala usimgeuze mlokole sehemu ya mwisho, wala usimgongeshe gari ili wasomaji wapate funzo. Watakuona unawahubiria na watahamia kwa mtunzi mwingine ambaye hajali hata robo ya unavyojali wewe. Na ile sehemu ya kaburini, sidhani walikimbia kwa sababu Ramsey alilia. Nahisi alilia kwa sababu wewe ulitaka tumsamehe, kabla hajamfanyia Nuru lolote la kustahili msamaha. Msomaji analisikia hilo hata kama hawezi kulieleza. Mwache awe jiwe. Kazi yako kubwa iko kwa Nuru.

Nuru ana nani? Katika barua yako yote umenitajia nyumba, bosi, harusi, Kigamboni, na hukutaja hata ndugu mmoja wa Nuru. Yule binti wa saluni ana dada, ana shemeji, ana wasusi wenzake, na mwanaume anawakata mmoja mmoja. Wa Nuru umewakata wewe kabla simulizi haijaanza, ndiyo maana kufungiwa kwake hakukumgharimu mtu. Mrudishie watu wake. Mpe rafiki anayemwambia ukweli usoni kama Catherine alivyomwambia Isabella, na rafiki huyo asiwe mwenye wivu wala mchawi. Mpe hela yake mwenyewe. Halafu, na hapa ndipo utakapoona kama Ramsey wako ana thamani, mpe ufunguo. Nyumba ya Kigamboni iwe wazi, geti halina mlinzi, Ramsey amesafiri. Nuru akikaa hapo tutajua amependa. Akiondoka, wasomaji watalala macho wakisubiri sehemu inayofuata, na wewe unajua hilo maana yake nini kwenye malipo.

Weka onyo mwanzoni. Watunzi wa Marekani na Uingereza wanaoandika mapenzi ya giza wana desturi ya kuweka ukurasa kabla ya sura ya kwanza, wakitaja kilichomo: utekaji, ufuatiliaji, kulazimishwa, mauaji. Wasomaji hawakimbii, wengi hufuata hayohayo. Andika kwa Kiswahili cha wazi: ndani ya simulizi hii mwanaume anamfungia mwanamke; ukifanyiwa hivi ni kosa la jinai, na wa kukusaidia wapo. Chini yake weka Dawati la Jinsia na Watoto. Mistari mitatu inatosha.

Umri nao uuangalie. Anayetuma shilingi 2,000 humjui, anaweza kuwa wa kidato cha pili aliyeazima simu ya mama. Uliza kabla ya kumuingiza, na sehemu nzito usizipeleke kabisa kwenye kundi la bure. Kama za chumbani unaziandika waziwazi, kumbuka ile sheria ya 2015 inakataza pia kusambaza ponografia mtandaoni, na atakayeulizwa ni admini.

Sehemu yako inayofuata ningependa uiandike kwa upande wa mama yake Nuru. Mama yuko kijijini, anapiga simu ya mwanawe jioni, inaita mpaka inakatika. Anapiga tena. Anatuma mtoto wa jirani kununua vocha, anadhani labda salio ndilo tatizo. Anamuuliza kondakta wa basi aliyekuja toka Dar kama amesikia lolote. Ramsey asionekane kabisa. Sehemu nzima iwe mama na simu yake, na hela anayoitoa kwenye kibubu ili apate nauli ya kwenda kumtafuta mtoto wake.

Hiyo itume kwenye makundi yote mawili, la bure na la kulipia, na binti wa saluni awe kazini inapotoka. Watakaolalamika kwamba Ramsey hayumo, waambie atarudi kesho yake, na mama Nuru atakuwa ameshafika getini.

Shangazi